Mama Niliyemkana Bombani

Mama zangu mlioliona jua kabla yangu, shikamooni. Wenzangu wa rika moja, hamjambo. Wa msikitini, asalamu aleikum. Wa kanisani, Bwana asifiwe. Nimesalimu pande zote kwa makusudi, kwa sababu nikishamaliza kusema leo sijui ni nani atakayeitaka tena salamu yangu.

Jumamosi iliyopita mwenzetu alisimama hapa, mbele ya magunia haya haya, akatueleza jinsi alivyoachana na tembo la mnazi. Tulicheka, tukalia, tukampigia vigelegele. Yangu mimi haina tembo. Yangu ina woga tangu mwanzo, na hata sasa mkiniangalia miguu mtaona kanga inatikisika wala humu ghalani hamna upepo.

Mnanijua. Mimi ndiye yule mama wa singa za mkonge, wa mstari wa tatu wa nyaya za kuanikia, mjane wa Kichaga anayejifunika hadi kwenye nyusi. Najua mnaniita Mama Nyusi. Msidhani sisikii.

Ndugu zangu, nawaambia: mimi si Mchaga. Moshi nilikaa siku nne tu, na Kichaga nilichojifunza ni cha kuombea ndizi. Mimi ni Mkikuyu, nimetoka Kenya, kwenye vita.

Naona mnatazamana. Tazamaneni, ni haki yenu. Lakini niacheni kwanza nivue kanga hii kichwani. Haya. Mama uliye karibu, hebu pitisha kidole hapa kwenye paji la uso. Unakiona kibonde? Wanawake wa kwetu hatujitwishi mzigo kichwani. Mzigo unalala mgongoni, na ukanda wa ngozi uitwao mukwa unaushika kutoka kwenye paji la uso. Msichana anaanza na kuni ndogo, anakua na mukwa wake kama anavyokua na meno yake. Hata fuvu linajua. Mimi nilibadilisha jina, kabila na jina la baba yangu, lakini hiki kibonde sikupata pa kukiacha.

Kwetu ni kwenye vilima. Kilima na bonde, kilima na bonde, na kila bonde lina kijito chake. Mume wangu alichukuliwa siku ya soko, katikati ya watu, ameshika mche wa kabichi. Hadi leo sijui kama yuko kizuizini au yuko ardhini. Baada ya hapo tukabaki wanawake peke yetu. Usiku walikuja watu wa msituni kudai chakula na kiapo. Mchana walikuja homgadi, vijana wetu wenyewe waliopewa mikuki na serikali, kuuliza ni nani amewapa chakula watu wa msituni. Ukitoa unapigwa, ukinyima unapigwa. Nilikuwa na jirani aliyechapwa na pande zote mbili katika juma moja, na akatutania, akasema, "Jamani, hata ng'ombe huwa na bwana mmoja."

Kisha nyumba zetu zikachomwa, tukakusanywa kwenye kijiji kimoja. Tukaambiwa tuchimbe handaki kukizunguka, na chini yake tuchomeke miti iliyochongwa. Sisi wanawake. Tulijichimbia wenyewe jela yetu kwa majembe yetu wenyewe, watoto wakiwa wamekaa ukingoni wanatutazama. Lango lilifunguliwa saa moja tu kwa siku, tukimbie kutafuta kuni, majani ya kuezekea na chakula, turudi. Watoto walikufa kwa njaa. Siwezi kulikuza wala kulipunguza hilo, naliacha kama lilivyo.

Nilikuwa na mama mkwe. Mtoto wangu wa kike alikuwa na miaka minne, naye alilala kwa bibi yake huyo, alikula kwa bibi yake, alimwita Cucu, ndivyo tunavyowaita bibi kwetu. Asubuhi moja mama mkwe aliniambia, "Leo nenda kakate majani. Usirudi."

Nikamwambia, "Na mtoto?"

"Mtoto ni majani."

Sikuelewa mpaka alipoanza kumfunga. Alimkunja mtoto kama kifaranga ndani ya yai, akamzungushia majani makavu na matawi, akakaza kamba. Akamwambia, "Ukisema neno moja, watatuchukua." Kisha akanitwika mgongoni, akaniwekea mukwa kwenye paji la uso kwa mikono yake mwenyewe. Wengine walitoka na mizigo ya vitu vya kwenda kubadilishana na chakula, kwa hiyo mzigo wa kutoka nao haukuwa ajabu. Lakini langoni alikuwapo kijana mmoja mwenye mkuki, ambaye mimi nilimfundisha kuimba kanisani alipokuwa mdogo. Akaniuliza, "Unatoka na majani kwenda kukata majani?"

Nikasema, "Ni mabovu. Naenda kuyatupa, nafasi iwepo."

Akaugeuza mkuki, akasukuma ule upande wa mti ndani ya mzigo. Mara moja. Mara mbili. Mama zangu, nilisikia mti ule ukigonga mgongo wangu, na kati ya mti na mgongo wangu alikuwapo mwanangu. Hakulia. Hakukohoa. Kijana akasema, "Pita." Nikapita. Nilipofika mbali nikafungua, nikamkuta amejing'ata mkono mpaka damu. Nikamwambia, "Umeokoa maisha yetu." Afadhali nisingemwambia hivyo.

Kwa habari za njiani sitawachosha. Tulifuata wanawake wa Kikamba wenye mizigo ya vikapu, tukapita Taveta kwa miguu, tukafika Moshi. Pale stesheni palikuwa na mtu anayeandikisha manamba wa kuja kwenye mkonge wa Tanga. Aliniuliza kabila nikasema Mchaga, akaniuliza mume nikasema amekufa. Habari zilikuwa zimeenea kwamba huku nako Wakikuyu wanasakwa, wanapakiwa malori, wanarudishwa walikotoka. Kabla ya kupanda gari moshi niliutupa mukwa wangu mtoni. Ulielea kidogo, kama nyoka asiyejua aende wapi, kisha ukaenda.

Hivyo ndivyo nilivyofika kwenye kambi hii. Mlinipokea vizuri, siwezi kusema vinginevyo. Lakini asubuhi ya kwanza nilikwenda bombani na debe, na hapo shida ikaanza. Nyinyi mnajitwisha debe la maji mnakwenda mnapiga soga, mikono inaning'inia, shingo kama mnara. Mimi nilipoliweka kichwani lilinimwagikia lote. Mkaangua kicheko. Yuko mama mmoja wa hapa hapa pwani, Mtang'ata, aliyekuwa jirani yangu wa ukuta kwa ukuta. Sitamtaja, na yeye mwenyewe sasa hivi anajifanya anatafuta kitu kwenye kikapu. Aliniambia, "Wee mwali, Wachaga wa wapi hao wasiojua kujitwisha? Kwenu maji huyapeleka kwa barua?"

Nikasema, "Kwetu tulikuwa na punda."

"Basi hapa punda ni wewe. Shika ngata, nikufundishe."

Akanizungushia kitambaa ngata, akaiweka utosini, akanifundisha kama anavyofundishwa mtoto kutembea. Miezi miwili shingo iliniuma hadi nikalala kwa ubavu. Na kanga nikaivuta chini hadi kwenye nyusi, kama wanavyojifunika wanawake wa pwani wenye heshima zao. Wengine wakanisifu, "Mchaga yule, Mkristo, lakini ana haya." Haikuwa haya. Ilikuwa kibonde.

Niliogopa kila kitu. Niliogopa lori lolote linalonguruma. Niliogopa mnyapara akiita majina. Nilipokuwa naanika singa kwenye nyaya, ule weupe wake mrefu ukipepea, nilichagua daima mahali ambapo naweza kuiona barabara kupitia katikati ya nyuzi. Kuna siku karani alikuja na karatasi kutafuta mtu wa kufagia ofisi, nami nikaenda kujificha kwenye mkonge hadi miba ikanichana miguu yote. Mkaniuliza jioni nimefanya nini, nikasema nilikuwa natafuta mbuzi. Mbuzi sina.

Lakini woga wenyewe sio niliokuja kuutubu. Nimekuja kutubu niliyoyafanya kwa ajili yake.

Nilimwambia mwanangu, "Lugha yetu imekufa. Ukisema neno moja, watatuchukua." Yale yale maneno ya bibi yake. Kiswahili alikuwa bado hakijui. Basi mtoto hakujua ni neno lipi hilo moja litakalotufanya tuchukuliwe, kwa hiyo akaacha yote. Mnakumbuka. Mlimwita bubu, si kwa ubaya, kwa huruma, na mimi nikakubali kwamba amezaliwa bubu. Nilikubali mbele ya watu, yeye amenishika kanga, ananisikiliza! Miezi minane hakusema kitu. Alikuwa ananitazama midomo. Nikimpa chakula anakula, nikimwambia lala analala, kama kivuli kilichofundishwa adabu. Nami, Mungu anisamehe, nilishukuru. Nilisema, mtoto huyu ni salama.

Sasa nafika kwenye siku yenyewe. Nipeni maji kidogo.

Asante.

Ilikuwa asubuhi, foleni bombani, madebe yamepangwa. Tukamwona mama mmoja mzee anakuja kwa njia ya kutokea Mwera. Amebeba kuni. Na kuni ziko mgongoni, ameinama mbele, na kwenye paji la uso kuna mukwa. Mwanamke mmoja wenu akasema, "Oneni, ng'ombe wa plau!" Watu wakacheka. Mimi nikaivuta kanga chini zaidi. Alikuwa anapita tu, alikuwa akifanya vibarua vya kuni kwenye vijiji huko chini, hakujua kwamba ule ukanda unampigia kelele kuliko tarumbeta.

Mwanangu akaiachia kanga yangu. Akakimbia. Akapita katikati ya madebe, akamshika yule mzee magotini, na kwa sauti ambayo sikuwa nimeisikia miezi minane akaita, "Cucu! Cucu!"

Hakuwa bibi yake. Alikuwa mzee wa vilima vingine kabisa, sijapata kumwona. Lakini mtoto aliuona mukwa, na kwake mukwa ulikuwa ni bibi.

Bomba zima likageuka. Mtu akasema, "Kumbe si bubu." Yule mzee akamwinamia mtoto, akamshika mashavu, kisha akainua uso akaniangalia mimi. Akaniamkia kwa lugha yetu. Salamu tu, mama zangu. Hali gani, mtoto wetu. Maneno mawili, matatu. Kwa miezi ile yote hakuna aliyenisalimu kwa lugha aliyonilelea mama yangu, na ilipokuja, niliipokea kama mtu anayetupiwa kaa la moto.

Nikasema kwa Kiswahili, kwa nguvu, wote wasikie: "Mimi simjui mtu huyu. Lugha yake siijui." Nikamvuta mtoto kwa mkono, nikampiga kofi mdomoni. Mdomoni, pale pale neno lilipotokea.

Mzee alinitazama. Aliangalia kanga yangu, akaangalia ngata, nadhani akayasoma yote. Kisha akasema kwa Kiswahili chake kibovu, "Samahani, mama. Mimi nakosea. Mtoto anafananisha." Akasogeza mukwa wake vizuri, akaenda zake na kuni zake.

Wakristo mnaijua habari ya yule aliyekana kando ya moto. Yeye alikana mara tatu. Mimi mara moja ilinitosha.

Kesho yake tukasikia askari wamemkamata barabarani. Mtu alikuwa amepeleka habari za mzee anayebeba kwa kichwa kama ng'ombe. Sijui ni nani, na sitaki kujua, maana mimi ningeweza kusema neno moja la kumtahadharisha na sikusema. Mtoto wangu akarudi kwenye ukimya wake. Lakini safari hii hakuwa ananitazama midomo. Alikuwa ananitazama mkono.

Siku ya pili jirani yangu wa ukutani akaja. Nilikuwa nachambua mchicha. Hakubisha hodi, akakaa kwenye kinu, akaniambia, "Mwanangu, unapika mchicha au unauzika?"

Nikaendelea kuchambua.

"Yule mzee wako yuko kituoni mjini. Wako watano. Lori litawachukua kesho adhuhuri."

Nikasema, "Si mzee wangu. Mimi Mchaga."

Akacheka. Si kicheko kibaya. Akasema, "Mimi nilikusuka nywele siku ya tatu ulipofika. Kibonde chako nilikishika kwa vidole vyangu hivi. Kaka yangu amesafiri na wafanyabiashara mpaka Nairobi, aliwahi kutuhadithia habari za wanawake wabebao kwa paji la uso. Nilikujua kabla hata hujajua choo kiko wapi."

"Mbona hukusema?"

"Ulitaka niseme kwa nani? Kwa debe?"

Kisha nilimwona anafikiri kama aendelee au asiendelee. Akaendelea. "Bibi yangu mimi aliletwa pwani hii amefungwa kamba na watu wengine. Alikuwa mdogo kama huyu wako. Waliomnunua walimwambia, ukiulizwa, sema wewe ni wa hapa. Akasema. Akaolewa, akazaa, akazeeka, anasema yeye ni wa hapa. Alipokuwa anakufa akaanza kuongea lugha ambayo hakuna hata mmoja wetu aliyeijua. Siku tatu. Aliomba kitu, mwanangu. Siku tatu anaomba kitu, na sisi wanawe na wajukuu tumekaa pale na maji na uji na Yasini, hatujui anaomba nini. Mpaka akakata roho. Mimi hadi leo najiuliza, alikuwa anataka nini?"

Akainuka, akajikung'uta. "Mtoto wako ana neno moja lililobaki. Nalo umelipiga kofi."

Ndugu zangu, nimepigwa na homgadi, nimechanwa na mkonge, lakini sijapata kupigwa kama nilivyopigwa na yule mama akiwa amekaa kwenye kinu.

Asubuhi nilimbeba mtoto nikaenda mjini. Jirani akaja nami, bila kuulizwa, na kikapu cha mihogo ya kuchemsha. Nilijua nikisema ninalokwenda kusema, watanipakia na mwanangu, na tutarudi kwenye handaki, na safari hii hakuna mama mkwe wa kumfunga mtoto majani. Mara mbili nilisimama. Mara mbili jirani alijifanya ameingiwa na jiwe kwenye kiatu, akanisubiri. Hakuwa na kiatu.

Tulimkuta mzee barazani kituoni na wenzake wanne, lori limewasha injini. Alikuwapo sajini, mtu mnene mwenye karatasi na jasho. Nikapanda ngazi. Sauti ilitoka kama ya panya. "Afande, huyu ni mama yangu."

"Nani?"

"Yule. Mama yangu."

"Mama wa kukuzaa?"

"Mama wa kwetu. Mimi ni wa kwao."

Sajini akaniangalia kuanzia miguuni. Kanga mbili za pwani, ngata bado iko kichwani. Akamgeukia mzee. "We mzee, huyu ni mwanao?"

Na mzee, mama zangu, yule mama niliyemkana mbele yenu nyote, alinitazama usoni kwa muda mrefu, kama mtu anayetazama shamba lake kabla ya kuliuza. Akasema, "Mimi simjui mama huyu. Mimi sina mtoto. Huyu mama ya pwani ana huruma tu."

Nikasema, "Anasema uongo, afande!"

Akasema, "Simjui."

Nikamsemesha kwa lugha yetu, waziwazi, mbele ya sajini, nikamwambia nisamehe. Hakugeuza hata jicho. Hapo ndipo mwanangu alipoteremka mgongoni kwangu. Akamwendea, akasimama mbele yake, na kwa lugha yetu akamwambia, "Cucu, mimi sikusema. Nilinyamaza vizuri."

Nikamtazama yule mzee. Alikuwa anaelewa kila neno. Mikono yake ilikuwa magotini, akaikunja moja juu ya nyingine akaibana, isimguse mtoto.

Sajini akauliza, "Mtoto anasema nini?"

Jirani yangu akadakia, "Kitoto, afande. Meno yameng'oka, hata sisi nyumbani hatumwelewi."

Sajini akatutazama wote, mmoja mmoja. Sikubali kwamba alikuwa mjinga. Nadhani alijua. Akafuta jasho, akasema, "Mimi nina watu watano, na karatasi yangu ni ya watu watano. Wa sita nitamkalisha wapi? Nendeni mkapike."

Wakawapandisha. Jirani akatupia kile kikapu cha mihogo ndani ya lori, mzee akakidaka. Lori likaondoka. Mimi nilikuwa bado nimesimama pale nasema, "Ni mama yangu, ni mama yangu," nasema na vumbi.

Jina lake silijui. Mnaona jambo hilo? Mimi nilimkana kwa kujiokoa, yeye akanikana kwa kuniokoa, na jina lake silijui.

Tulipofika njia panda nikamweka mtoto chini, nikapiga magoti barabarani, nikamwambia kwa lugha yetu, "Sema. Sema chochote. Sema chote." Alifikiri sana. Akasema, "Nina njaa." Jirani akaniuliza kasema nini, nikamfasiria, akapiga makofi, akasema, "Alhamdulillahi, huyu mtu kamili!"

Siku ile ile hatukurudi kambini moja kwa moja. Tulikwenda kwa kaka yake jirani, jumbe wa kijiji, nikamweleza ukweli wote. Alinisikiliza bila kunikatiza. Akasema, "Mtu aliyekuja na uongo namhofia. Mtu aliyekuja na ukweli ni mgeni wangu." Alinipeleka mwenyewe kwa wakubwa wa serikali, akasema ananidhamini, mimi na mtoto, kwa jina lake na kijiji chake. Nilitetemeka mbele ya meza ile hadi wino wa karani ukamwagika. Wakaniruhusu kukaa, kwa masharti ya kuripoti kila mwezi. Naripoti mpaka leo. Lakini kwenu niliendelea kuwa Mchaga. Sitawadanganya kwamba woga umekwisha. Haujaisha. Umejifunza tu kukaa nyuma yangu badala ya kunitangulia.

Mtoto mnamjua. Anasema Kikuyu na mimi ndani ya nyumba, Kimtang'ata na watoto wa jirani, na matusi ya manamba nasikia ameanza. Kuna mama hapa alikuja juzi kunishitakia kelele zake. Nilimwomba radhi kwa mdomo, lakini moyoni nilikuwa nacheza ngoma.

Nashukuru. Namshukuru jirani aliyekaa kwenye kinu, na bibi yake ambaye hatujui alikuwa akiomba nini. Namshukuru jumbe. Namshukuru hata yule sajini, kwa uvivu wake au kwa wema wake, Mungu ndiye ajuaye. Mama mkwe wangu namshukuru huko aliko, kama yuko. Na yule mzee, sina neno lake la shukrani, nimelitafuta kwa lugha zote mbili.

Funzo langu ni dogo. Woga ni haki ya mtu, hakuna atakayekulaumu kwa kuogopa. Lakini usimpe woga mtoto aubebe, na usiulipe woga kwa kumtoa mtu mwingine. Ukishaulipa mmoja, utarudi kudai wa pili.

Na sasa niwaambie kwa nini nimeomba zamu leo na si Jumamosi nyingine. Alhamisi wameingia manamba wapya, banda la mwisho. Kuna mama mmoja na watoto wawili. Wamemwandika Mmeru. Nimemwona asubuhi hii bombani, amemwagikiwa na debe lote, na nyinyi mlicheka. Nami nilikuwapo, sikucheka, lakini pia sikusema kitu. Nilikuwa nasubiri kwanza niwaambie nyinyi, ili nikimwendea asije akanikuta mtu mwenye siri, akaogopa mara mbili.

Sijui yeye ni nani. Pengine ni Mmeru kweli. Lakini ikiwa ni yule ninayemdhani, amekaa sasa hivi ndani, mlango umefungwa, anatusikiliza kelele zetu na anawabana watoto wake midomo.

Mama zangu, kanga yangu naiacha hapa juu ya gunia, nitaifuata baadaye. Nakwenda kumbishia hodi. Nitamwamkia kwa lugha yetu, kwa sauti, mlangoni, na anayetaka kunisindikiza na anisindikize.